Walevi wa bustanini: kanjo au polisi?

Dada, umeuliza kundi linalolewa na kutukana wapita njia kando ya Nyayo Gardens, hapa Nakuru, ukaliripoti kwa kanjo (askari wa kaunti) au polisi. Wakikushika mkono, wakikutishia au wakikuibia, nenda polisi moja kwa moja na usitoke bila namba ya OB, yaani ya kitabu cha matukio cha kituo. Kelele na kero nyingine za umma ni kazi ya kaunti. Katiba ya 2010, Jedwali la Nne, inasema hivyo. Leseni za pombe pia ziko kaunti, na mimi ningeanzia hapo hapo.

Chunguza chupa zinatoka duka gani. Leseni huombwa upya kila mwaka, na jirani anaweza kuweka pingamizi. Mwandikie msimamizi wa wadi barua (simu husahaulika kabla ya chai ya saa nne), taja siku na saa, majirani na wenye vibanda watie sahihi, nakala yako igongwe muhuri. MCA, mwakilishi wa wadi yako kwenye bunge la kaunti, naye apate yake.

Wakikuahidi msako, shukuru, lakini dai taa pia pale bustanini. Kanjo wakishaondoka na lori lao, vijana hurudi jioni iyo hiyo.