Kanzu ya mtoto hufupika

Nyinyi mnaoingia kwenye kazi ya tamthilia ya muda mrefu, hasa vijana wa hapa Lamu mnaoniuliza kazi ya kontinuiti ni nini, nitawaanzia na kanzu.

Kijana aliyeigiza mwana wa nahodha kwenye tamthilia yetu alikuja mwaka 2017 akiwa na miaka sita. Fundi alimshonea kanzu tatu nyeupe zilizofika kwenye kifundo cha mguu. Mwaka uliofuata kanzu zile zile zilikuwa zimepanda mpaka kwenye muundi, na hakuna hata mmoja wetu aliyetambua, kwa sababu tulikuwa tukimwona kila siku. Aliyetambua ni mama mmoja muuza mahamri. Aliniita akaniuliza: "Mwanangu, yule mtoto wenu hana wa kumshonea? Mamake bangili zimejaa mkono, mwana anavaa kanzu ya mdogo wake." Halafu akaniambia kwamba yeye alijua zamani kuwa mama yule hampendi mwanawe, na akanieleza sababu moja baada ya nyingine. Kisa kizima alikisoma kwenye upindo wa kanzu, na sisi hatukuwa tumeandika hata neno moja la kisa hicho.

Kontinuiti ni kuhakikisha kilichoonekana jana na kinachoonekana leo vinakubaliana. Kwa watu wazima kazi hiyo ni ya nywele, nguo, kikombe kilikuwa mkono gani. Kwa mtoto ni jambo jingine kabisa. Mtoto ndiye saa ya tamthilia. Mtu mzima waweza kumweka kwenye umri mmoja miaka mitano na watazamaji wakakukubalia. Mtoto hawekeki. Anasema muda umepita kwa meno, kwa urefu, kwa sauti, hata kama muswada unasema bado ni Jumanne ile ile. Usipoandika wewe kinachoonekana mwilini mwake, watazamaji watakiandika wenyewe, na watakuwa na haki.

Kwa hiyo siku ya kwanza ya kazi nunua daftari la mtoto. Liwe lake peke yake, lisichanganywe na la watu wazima. Ukurasa wa kwanza andika tarehe ya kuzaliwa ya mhusika. Sisemi ya mwigizaji, hiyo mamake anaijua. Tamthilia nyingi hazina tarehe hiyo, na ndiyo maana mtoto anatimiza miaka saba mara mbili. Andika yuko darasa gani shuleni, na chuoni, kwenye masomo ya Kurani, kafika wapi, maana mtoto aliyekuwa kwenye Juzuu Amma msimu wa kwanza hawezi kuonekana msimu wa nne akisomeshwa sura zile zile kama kwamba hakupita siku hata moja.

Hili la shule lilitukamata vibaya. Waandishi walikuwa wamepanga tangu mwanzo kwamba kilele cha mwana wa nahodha kitakuwa mtihani wa KCPE, ule wa kumaliza shule ya msingi, mwaka 2024: afaulu, aitwe shule ya mbali, mama agome kumwacha avuke maji. Mpango mzuri. Lakini mtoto aliyeingia darasa la kwanza mwaka 2017 alikuwa kwenye kundi la mwanzo la mtaala mpya wa umilisi. Kundi hilo lilifanya tathmini ya gredi ya sita mwaka 2022, likaingia gredi ya saba mwaka 2023, na KCPE ya mwisho ikafanywa mwaka huo huo na watoto waliokuwa mbele yao. Kijana wetu hakuwa na mtihani wa kufaulu. Aliyegundua si mwandishi wala mwongozaji, ni mwigizaji mwenyewe, aliyeshika muswada akauliza kwa adabu: "Mwalimu, mimi huu mtihani nitaufanyia wapi?" Tangu hapo nimekuwa nikiwauliza watoto wenyewe kabla ya kumwuliza mtu mwingine yeyote.

Ukurasa wa pili ni wa anavyoita watu. Mwandishi mmoja kutoka bara, mtu hodari sana, alimwandikia mtoto amwite nduguye babake "mjomba". Kwake yeye kila mwanamume mkubwa ni mjomba. Hapa nduguye baba ni ami, na katika hadithi ile tofauti hiyo ilikuwa ndiyo roho ya kisa: nahodha amepotea baharini, nduguye anaitaka nyumba. Kwa sheria ya mirathi ya Kiislamu, marehemu akiacha mtoto wa kiume, nduguye hapati kitu. Ami huyo amezuiwa na mtoto wa miaka sita anayecheza dakani! Mjomba, nduguye mama, hana fungu kwenye mali hiyo hata kama mtoto hayupo, kwa hiyo hana cha kuzuiwa. Ukikosea neno hilo moja, mtazamaji wa Lamu hatajua tena mnagombania nini mbele ya kadhi.

Ukurasa wa tatu ndio mkubwa kuliko yote, na ndio nilioujaza mpaka nikabandika karatasi za ziada. Niliuita: anajua nini. Nyumba za mawe za Lamu zina daka mlangoni, viti vya mawe kushoto na kulia, na watoto hukaa pale. Mgeni akija na siri, mtoto amekwisha kumsikia kabla hajafika ukumbini. Sasa angalieni waandishi wanavyofanya: wakitaka watu wazima waseme jambo zito, mtoto huambiwa "nenda kamwite ami yako", au "nenda dukani", kisha hasikiki tena sini tatu, yaani maonyesho matatu. Jambo hili si letu peke yetu. Uingereza, kwenye tamthilia ya Coronation Street, iliyoanza mwaka 1960, watazamaji bado wanamkumbuka Tracy Barlow alivyokuwa akitumwa chumbani juu kusikiliza kanda zake kila mara hadithi isipokuwa na haja naye. Mtoto anayetumwa namna hiyo kwa miaka anakuwa fanicha. Siku mtakapotaka abebe kisa, watazamaji hawatamjua.

Mimi nilifanya hivi. Kila sini ambayo mtoto yupo, au angeweza kusikia kutoka dakani au ukutani kwenye kiwanda, ule ua wa ndani ya nyumba, niliandika alichosikia, hata kama kamera haikumwonyesha. Baada ya miaka miwili daftari lilikuwa na mambo kumi na moja ambayo mtoto huyu anayajua na mamake hajui kwamba anayajua. Niliwapelekea waandishi orodha ile. Waliisoma kimya, na msimu uliofuata wote ukatoka humo.

Sasa jino. Tulikuwa tukirekodi kwa mahali, kama wanavyofanya wote: sini zote za ukumbini wiki moja, za gatini wiki nyingine, maana taa na mitambo hubebwa kwa punda kwenye vichochoro na huwezi kuihamisha kila saa. Jioni moja ya kwenye hadithi tuliirekodi kwa vipande viwili vilivyoachana wiki tatu. Kipande cha kwanza mtoto ana meno yote. Cha pili, jino la mbele halipo. Mmoja akasema mtoto afumbe mdomo. Mwingine akasema watengeneze jino la bandia. Mtoto alikuwa akisikia yote haya na aliweka mkono mdomoni kama aliyefanya kosa. Hapo mwigizaji wa bibi, mwanamke wa makamo asiyependa maneno mengi, akamshika mkono akasema: "Jino likitoka hurushwa paani." Tukaandika sini moja fupi ya kuingia katikati: bibi na mjukuu kwenye kiwanda, jino linarushwa juu. Ilichukua nusu saa. Ikiwa mna mtoto wa miaka mitano hadi minane, mchunguzeni meno kila Jumatatu na sini zake za siku moja ya hadithi mzirekodi karibu karibu. Na kamwe msimwombe afiche mdomo.

Kuhusu bahari sitasema mengi. Mtoto akisimama ufukweni, andika saa na hali ya maji, na kama ni siku za bamvua, maji yanapojaa na kupwa sana, au za maji mafu, yanaposogea kidogo, la sivyo atatembea hatua tatu kutoka maji kujaa hadi maji kupwa.

Pigo kubwa lilikuwa mwaka 2020. Mwezi wa Machi kazi ilisimama kwa korona. Sini ya mwisho tuliyorekodi mtoto anaingia mlangoni usiku. Tuliporudi, sini iliyofuata ni ndani, usiku ule ule, na kijana alikuwa ameongezeka vidole vinne na uso umerefuka. Aliingia mlangoni mtoto, akatokea upande wa pili mvulana. Kamati ikaamua: tusirekodi sini hiyo, tumpeleke kwa shangaziye Malindi, arudi baada ya episodi chache akiwa mkubwa. Nilikubali, na nasikitika. Nyumbani mambo yalikuwa yale yale, mimba ya jirani haikusonga hata mwezi, na yeye karudi kama amekaa huko miaka miwili. Marekani watazamaji wana jina la tabia hiyo, huiita SORAS, yaani ugonjwa wa kukua haraka wa kwenye tamthilia, kwa vile huko mtoto huweza kwenda kulala akiwa mdogo akaamka kijana wa kuoa. Kuruka muda si dhambi. Lakini muda ukiruka uwarukie wote: mimba izaliwe, Ramadhani ipite, rangi ya mlango ichakae, deni likue.

Mtoto aliyekua polepole ndiye anayebaki moyoni. Kimberly McCullough aliingia kwenye tamthilia ya Marekani, General Hospital, mwaka 1985 akiwa na miaka saba, akiigiza Robin. Mwaka 1995 hadithi ilipomfanya Robin aambukizwe virusi vya Ukimwi, waliomlilia walikuwa wamemwona akikua kwa miaka kumi.

Nije kwenye jambo linaloniuma. Mwaka wetu wa kwanza kulikuwa na sini ya tanzia. Ilichelewa mpaka saa nne usiku. Mtoto alikuwa amelala dakani, kichwa kwenye mapaja ya mamake. Mtu mmoja akasema tumwamshe ghafla, atalia mwenyewe. Tukamwamsha. Alilia, na sini ile ilisifiwa sana. Nilikuwa nimeshika daftari na sikusema kitu. Mamake alinitazama, nami nikainama kuandika.

Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, kifungu cha 53, inasema maslahi ya mtoto ndiyo ya kwanza katika kila jambo linalomhusu, na inamlinda na kazi ya kumnyonya. Isomeni kabla ya kusoma muswada. Kisha isomeni kwa matendo: mzazi awepo, shule na chuo visiguswe, usiku asirekodiwe, na kama episodi haiwezekani bila usiku, ibadilisheni episodi. Kuhusu machozi, hamyahitaji. Mpigeni mtoto picha kwa nyuma, ameshika kiatu cha babake. Mgongo wa mtoto unatosha.

Na akiondoka, aondoke kwa heshima. Msichana aliyeigiza binti wa jirani alipofika miaka kumi na miwili wazazi wake walisema basi, sasa ni msichana mkubwa. Kulikuwa na waliotaka kubishana nao. Msibishane na wazazi. Tulitafuta mwingine, na sini yake ya kwanza tulimweka na mwana wa nahodha, amwite kwa jina lile la utani alilomwita tangu wadogo. Watazamaji walimpokea kwa sababu ya jina. Kwenye EastEnders, tamthilia ya Uingereza, mhusika Martin Fowler alizaliwa mwaka 1985 akafa mwaka 2025, na waigizaji watatu walimbeba kwa zamu kutoka uchangani hadi utu uzima. Mtu ni yule yule ikiwa waliomzunguka wanamjua.

Mwaka 2024 sauti ya kijana wetu ilivunjika. Tulikuwa gatini jioni. Alitakiwa amwite mamake kutoka jahazini, neno moja tu, "Mama!" Likatoka zito, likapasuka katikati. Kijana akaona haya. Mwongozaji alikuwa ameinua mkono ili turudie. Lakini mwigizaji wa mama alikuwa bado ndani ya sini. Alitua kapu chini, akasimama akimtazama kwa muda mrefu, kisha akasema maneno yasiyokuwamo kwenye muswada: "Hiyo ni sauti ya babako."

Mkono wa mwongozaji ukashuka. Nikafungua daftari, ukurasa wa tatu, nikaandika tarehe, na chini yake: sasa anajua ana sauti ya nani.