Don Drysdale Mbele ya Kamera: Majibu kwa Maswali ya Wasomaji

Swali: Je, ni kweli kwamba Don Drysdale, mrusha mpira mashuhuri wa besiboli wa klabu ya Dodgers, alionekana pia katika televisheni?

Jibu: Ni kweli, tena mara nyingi. Klabu yake ilihama Brooklyn na kuhamia Los Angeles mwaka 1958, naye alikuwa mzaliwa wa jiji hilo hilo, katika mtaa wa Van Nuys, hivyo studio za Marekani, ambazo nyingi zilikuwa huko huko, hazikuhitaji kumfuata mbali. Katika The Donna Reed Show, kipindi cha vichekesho, alitokea kwa jina lake halisi, ilhali katika The Rifleman, tamthilia ya kikauboi, alivaa uhusika wa kubuni.

Swali: Ni kipindi gani unachokipendekeza?

Jibu: Sehemu moja ya The Brady Bunch, kipindi cha vichekesho kuhusu familia, ya mwaka 1970. Drysdale anamsifu Greg, kijana wa familia hiyo, kwa urushaji wake, na kijana analewa sifa hizo hadi anaiona shule kuwa haina maana tena, mpaka siku wapigaji wa timu pinzani wanapomwadhibu vikali uwanjani. Mtazamaji akumbuke kwamba Drysdale alikuwa ametundika glavu mwaka uliotangulia kwa sababu ya bega bovu. Kwangu mimi, jambo hilo linaipa sehemu hiyo uzito ambao mwigizaji wa kawaida asingeweza kuuleta.

Swali: Mrusha mpira mwenzake wa Dodgers, Sandy Koufax, aliigiza?

Jibu: Ndiyo. Mwaka 1963 alitokea katika kipindi cha Mister Ed, ambamo farasi anayezungumza anaupiga mpira wake.

Swali: Nimesikia kwamba wawili hao waliwahi kutishia kuacha besiboli wakafanye filamu. Ilikuwaje?

Jibu: Hili ndilo lenye maana kubwa kuliko yote. Kabla ya msimu wa 1966, Koufax na Drysdale waligoma kwa pamoja, wakidai dola milioni 1 kwa miaka 3, wagawane sawa. Wakati huo kila mkataba ulikuwa na kifungu kilichomfunga mchezaji kwa klabu yake, kiasi kwamba aliyekataa malipo aliyopewa hakuwa na ruhusa ya kujiunga na klabu nyingine. Alichobakiwa nacho ni kuacha mchezo. Wao walikuwa na pa kwenda: walikubali kuigiza katika filamu ya Warning Shot, na klabu ikatambua kwamba wangeweza kuishi bila mpira. Kwa hiyo si haki kuzichukulia kazi za Drysdale za kamera kuwa mapambo tu ya umaarufu. Mgomo ulipomalizika, Koufax alipata takribani dola 125,000 na Drysdale dola 110,000 kwa msimu huo, nao wakarudi uwanjani, na filamu ikatengenezwa bila wao. Kifungu chenyewe kilikuja kuvunjwa nguvu na msuluhishi mwezi Desemba 1975.