Umeshinda Tuzo, Hela Huioni: Nilivyolipwa Mimi

Wiki iliyopita kijana mmoja wa Vwawa aliniandikia: "Dada, Tume ilinipa ushindi tangu mwaka jana. Bosi anasema niende popote. Hela yangu naipataje?" Wengi mmeniuliza hilo hilo. Tume anayoisema ni ile ya Usuluhishi na Uamuzi, inayoamua migogoro ya kazi, na uamuzi wake ndio unaoitwa tuzo. Mimi malimbikizo yangu ya mshahara yalilipwa yote, kwa hiyo nina la kusema.

Nilikuwa karani kwenye kiwanda cha mbao karibu na Mafinga. Nilihesabu mbao zinazopakiwa na kuandika ankara za wateja. Mshahara ukaanza kuchelewa, ukawa nusu, mwisho ukakatika kabisa, huku malori yakiondoka kila asubuhi yamesheheni paini. Nilipodai, nikaambiwa nisionekane tena pale. Niliambiwa hivyo mbele ya vibarua ambao mimi ndiye niliyekuwa nikiwagawia posho. Bado linaniuma.

Ya Tume ya Usuluhishi na Uamuzi nayapita haraka. Ukiachishwa kazi una siku 30 za kupeleka mgogoro, madai mengine siku 60. Mnasuluhishwa, mkishindwana, mnasikilizwa na tuzo inatoka. Yangu ilitoka, nikashinda.

Hapo ndipo wengi mnakaa kusubiri simu ya mwajiri. Jamani, hapigi! Tume haitoki kwenda kumdai mtu kwa niaba yako. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inasema tuzo inakazwa, yaani inatekelezwa kwa amri ya mahakama, huko Mahakama Kuu, Divisheni ya Kazi, kama hukumu yoyote ya mahakama. Iringa ipo, Mbeya ipo. Unapeleka maombi ya kukaza tuzo, mwajiri anaitwa mbele ya Naibu Msajili, ofisa wa mahakama anayeshughulikia maombi hayo, aeleze kwa nini asilipe.

Wangu alikuja na maneno kwamba amefungua marejeo, yaani ameiomba mahakama iipitie tuzo upya, kwa hiyo kesi imeanza upya. Ni kweli mwajiri ana wiki sita za kuomba marejeo tangu apewe tuzo. Lakini kufungua tu hakusimamishi malipo. Kinachosimamisha ni amri ya zuio kutoka mahakamani. Muulize akuonyeshe hiyo amri. Wangu hakuwa nayo.

Sasa sikilizeni vizuri, maana pesa iko hapa. Mahakama haimtafutii mtu mali ya mdaiwa wake. Kwenye fomu ya maombi wewe ndiye unayeandika unataka nini kifanyike na kwa mali ipi. Niliandika lori. Dalali wa mahakama akalikamata, na mara shemeji wa bosi akaleta pingamizi: kadi ya gari ina jina lake. Lori likaachiwa. Bosi alikuwa amejipanga siku nyingi, mali zote zinazotembea kaziandika kwa ndugu.

Alichosahau ni kwamba ankara zake nilikuwa naziandika mimi. Namba ya akaunti ya kampuni, ile wanayolipia wateja wa Makambako na Dar es Salaam, ilikuwa kwenye kila karatasi niliyojaza. Nikarudi mahakamani kuomba fedha zilizomo kwenye akaunti ile zizuiwe. Amri ilipofika benki, bosi alinitafuta mwenyewe, tena kwa sauti ya upole ambayo sikuwahi kuisikia nilipokuwa kazini kwake.

Na akaunti ile ilikamatika kwa sababu jina lake lilifanana na jina la kwenye tuzo. Wengi mnaishtaki "Fulani Timber" ya kwenye kibao, kumbe kibao si kampuni. Mimi nilichukua jina kwenye risiti ya EFD, ile ya mashine ya kodi, nikalilinganisha na la BRELA, wanakosajili kampuni, ndipo nikajaza fomu ya Tume. Ukishinda dhidi ya jina lisilo na mali, utakamata nini?

Wengine mnataka bosi afungwe jela ya madai, yaani kwa kutolipa deni. Hasira naijua, lakini fedha ya kumlisha huko unaiweka wewe unayedai. Tafuta akaunti kwanza.

Ninyi mlio kazini leo, msingoje mpaka mfukuzwe. Andikeni jina kamili la kampuni, benki yake, viwanja vyake, mashine zake, wateja wanaodaiwa naye. Tunzeni mkataba na kila karatasi ya mshahara. Huo si umbea, ni jasho lenu mnalilinda. Kampuni inajua kila kitu chako hadi jina la mama yako, na wewe ijue.

Bosi aliomba kulipa kwa awamu. Nilikubali, ila si kwa mdomo. Tuliandikishana, makubaliano yakawekwa kwenye kumbukumbu za mahakama, na kila awamu ikapitia benki. Kijana wa Vwawa, bosi wako akikuita mezani na bahasha, mwambie mkutane kwa Naibu Msajili. Akiruka awamu moja, unarudi kuomba kukaziwa kiasi kilichobaki, na akaunti unaijua.