Mbuzi wangapi kwa kitabu kimoja?

SWALI: Katika riwaya yangu ya ulimwengu wa kubuni, mtawa anaandika kitabu kitakatifu cha kurasa 320 kwenye ngozi, kwa wiki moja tu. Karne baadaye wino umetoboa kurasa. Inaingia akilini?

JIBU: Wiki moja, hapana: ngozi peke yake hulowekwa kwenye maji ya chokaa siku kadhaa, kisha huwambwa na kukwanguliwa. Kipande kimoja kikikunjwa hutoa kurasa 4, hivyo unahitaji vipande 80. Mbuzi mmoja akitoa viwili, zizi limepoteza mbuzi 40! Vipande 4 vikikunjwa pamoja ni kurasa 16. Shona mafungu 20.

Wino wa vinundu vinavyoota kwenye mti wa mwaloni na salfeti ya chuma (aina ya chumvi ya madini) hutoboa kweli salfeti ikizidi, maana asidi hula. Ila huila karatasi kuliko ngozi. Mpe mtawa karatasi, mbuzi wapone.