Mtu Hucheka Kwao

Mwanangu mpendwa,

Ujumbe wako wa juzi usiku niliusoma asubuhi nilipotoka misa, nikaurudia mchana. Umeniuliza kwamba paroko wenu mpya huwachekesha watu wakati wa mahubiri, kanisa zima linaangua kicheko na kupiga makofi kama liko harusini. Je, huko si kumkosea Mungu adabu? Na je, uhamie parokia ya jirani? Nilianza kukujibu kwa simu nikaona jambo lenyewe si la mistari mitatu, ndiyo maana nimechukua kalamu.

Kabla sijafika kwa paroko wenu, acha nianze na msiba wa babu yako. Unaujua vipande vipande, maana ulikuwa darasa la kwanza. Kuna kipande ambacho sijawahi kukusimulia, kwa sababu ndani yake mwenye kosa ni mimi.

Babu alifariki Januari 1998, katikati ya zile mvua za El Niño. Gari lililobeba jeneza kutoka mjini lilikwama kabla ya kufika Matombo, wanaume wakalibeba mabegani wakiteleza kwenye udongo mwekundu mpaka nyumbani. Mimi nilikuwa mwalimu, nilikuwa kiongozi wa WAWATA, umoja wa wanawake Wakatoliki, pale parokiani kwetu Morogoro, na miezi michache nyuma yake nilikuwa nimetoka kwenye semina. Mtoa mada alitufundisha kwamba watani msibani ni upagani uliovaa kanga ya mila, kwamba Mkristo anazikwa kwa sala na nyimbo, basi. Niliandika kila neno kwenye daftari. Nikafika kwenye msiba wa baba yangu na daftari lile kichwani.

Ninyi watoto wa siku hizi mkisikia watani wa jadi mnafikiria Simba na Yanga tu. Kwetu Uluguru utani ni wa ukoo kwa ukoo, na mtani ana kazi. Ndiye anayechimba kaburi, ndiye anayeshika maiti wakati wenye msiba mikono inawatetemeka. Na akiwa anafanya hayo ana ruhusa ya kusema lolote. Atamwigiza marehemu alivyokuwa akitembea, atamdai deni la mwaka juzi, ataingia kaburini alale humo, agome kutoka mpaka mumpe chochote. Hakuna wa kumkasirikia. Akiondoka na kuku wenu, ni haki yake.

Mtani wa ukoo wa babu yako alikuwa yule mzee mliyekuwa mkimwita Babu Mtani, mliyekuwa mkimkimbia kwa sababu alisema atawauza gulioni Kibungo. Alikuja alfajiri na jembe begani. Mimi nikamfuata pale mpakani, chini ya mfenesi, kabla hajaingia uani. Nikamwambia: "Shikamoo, babu. Marehemu alikuwa katekista. Haya ni mazishi ya Kikristo, tunaomba heshima." Akaniuliza, "Na kaburi nani anachimba?" Nikamjibu kwamba vijana wa kigango wamekwisha anza. Akanitazama kwa muda. Akavua kofia yake, mvua inanyesha vile vile, akaliegemeza jembe kwenye shina, akakaa chini. Alikaa pale mpaka tunamaliza kuzika. Wapwa zake babu yako, ambao kwa mila yetu ndio wenye msiba, walininyamazia, maana mimi ndiye niliyetoka mjini na fedha za jeneza.

Tukazika. Kaburi lilikuwa limejaa maji, vijana wakayakumba kwa ndoo mara nne. Padri alisoma vizuri, kwaya ikaimba vizuri. Hakuna aliyekosea hata neno moja, na mimi niliona fahari.

Bibi yako hakula. Siku ya kwanza tukasema ni uchungu. Siku ya pili uji ukapoa mbele yake, tukaupasha, ukapoa tena. Siku ya tatu nilikaa naye mkekani nikaanza rozari, akaniacha nisali peke yangu mpaka fumbo la tatu, halafu akasema bila kunitazama: "Mume wangu mmemzika kama mgeni. Hata wa kumtania hakupata."

Mpaka leo nikiwa peke yangu naisikia sauti ile. Hakunipigia kelele, wala hakunilaumu kwa jina.

Nilitoka mwenyewe, nikaenda mpaka kwa yule mzee, nikapiga magoti kwenye matope yake nikamwomba aje. Hakunisema neno. Aliingia ndani kwake, akatoka na kitu mfukoni, tukaongozana.

Sasa lazima nikukumbushe jinsi babu yako alivyokuwa akiongoza Litania ya Watakatifu, ile sala ya kuimba majina ya watakatifu, watu wakiitikia. Alikuwa na ile miwani iliyovunjika mkono wa kushoto, akaufunga kwa uzi wa fundi viatu, ikawa inakaa upande usoni kwake. Na sauti yake ilikuwa inapanda pale ambapo wimbo unashuka. Mwaka mmoja kwenye Kesha la Pasaka kuku aliingia kanisani, akapita katikati ya wanaume na wanawake mpaka mbele. Babu yako hakutaka kukatiza litania. Basi akaimba, kwa sauti ile ile ya litania, "Mtakatifu Petro," watu wakajibu, "Utuombee." "Mtakatifu Paulo." "Utuombee." "Mtoeni huyo kuku." Na kanisa zima, kwa mazoea, likajibu kwa heshima zote, "Utuombee."

Babu Mtani alipofika uani akatoa mfukoni waya aliokuwa ameupinda ukawa miwani, upande wa kushoto amefunga kamba ya mgomba. Akauvaa. Akachukua kitabu cha nyimbo cha marehemu, akakishika juu chini. Akasimama mbele ya bibi yako, akakohoa kile kikohozi chake babu yako cha kuanzia sala, akaanza kwenda na litania, sauti inapanda pale pale pa kupanda. Watu waliokuwa uani, bila kupanga, wakawa wanajibu. Petro, utuombee. Paulo, utuombee. Tulijua wote anakokwenda. Alipofika kwa kuku, nilisikia sauti kama ya mtu anayepaliwa. Niligeuka haraka nikidhani mama yangu anazimia. Alikuwa amejaza kanga mdomoni kwa mikono miwili, mabega yanamtikisika, machozi yanamtiririka, na kile kicheko kikawa kinatoka kwa nguvu pembeni mwa kanga. Akacheka, akalia, akacheka. Halafu akasema, "Huyo ndiye. Huyo ndiye mwenyewe." Akaomba uji.

Babu Mtani akaondoka na jogoo wetu mkubwa. Usiku ule bibi yako ndiye aliyeongoza rozari, mafumbo yote matano.

Tangu siku ile nimekuwa na neno langu moja, nanyi mmelichoka: mtu hucheka kwao. Ugenini unakaa wima, unapima maneno, unakunywa chai nusu kikombe. Nyumbani ndiko unakojiachia. Mimi nilitaka kumheshimu Mungu nikamfanya baba yangu mgeni katika nyumba ya Mungu aliyoitumikia miaka yake yote.

Fungua Mwanzo sura ya 18. Sara yuko nyuma ya mlango wa hema, amezeeka, anasikia kwamba atazaa, anacheka moyoni. Mungu anamuuliza Ibrahimu kwa nini mkewe amecheka, naye Sara anaogopa, anakana, "Sikucheka." Na Mungu anamjibu, "Sivyo, umecheka." Nimeifundisha habari hiyo kwa watoto wa komunyo ya kwanza nikiwaonyesha kosa la Sara, nikapita. Sikuona kwamba hakuna adhabu. Mungu hamwondolei ahadi yake. Anazungumza naye kama watu wa nyumba moja. Na mtoto alipozaliwa aliitwa Isaka, jina ambalo maana yake ni anacheka, na Sara akasema, "Mungu amenifanyia kicheko, kila asikiaye atacheka pamoja nami." Yule ambaye Waisraeli wote walitoka kwake, na Masiya wetu pia, jina lake ni kicheko. Mimi siwezi kulipita hilo.

Babu yako naye alikuwa na shahidi wake, Laurenti shemasi, aliyeuawa Roma mwaka 258. Kila Agosti 10 alitusimulia, hata kama tulishaisikia, jinsi inavyosemekana alivyobanikwa juu ya wavu wa chuma, akawaambia wanaomchoma wamgeuze, maana upande huu umekwisha iva. Wadogo zangu waliogopa. Baba alikuwa akituambia, "Huyo ameshaona kwao." Unaona basi kwamba hata lile neno langu si langu peke yangu.

Na wewe mwenyewe ndiye uliyenitumia habari ya marehemu Papa Fransisko, Juni 2024, alipowaita wachekeshaji zaidi ya 100 kule Vatikano, akawaambia kwamba mtu anaweza kumcheka hata Mungu, kama tunavyotaniana na watu tunaowapenda. Ulinitumia ukiuliza, "Mama, umeona?" Niliona. Nilimwona Babu Mtani na miwani yake ya waya.

Lakini acha nibishane na nafsi yangu, maana nakusikia ukisema mama ameshachukua upande.

Yule mtoa mada wa semina hakusema uongo mtupu. Nimeshaona mtani amelewa akimtukana mjane matusi ya nguoni, watu wakacheka kwa aibu, mjane akainama. Nimeona mtani akikomba hata sufuria za mwenye msiba. Na Bwana wetu mwenyewe amesema, "Ole wenu ninyi mnaocheka sasa, kwa kuwa mtaomboleza na kulia." Mstari huo siufichi chini ya mkeka. Nyumbani kwa Yairo, alipowaambia kwamba mtoto amelala tu, walimcheka sana, akawatoa wote nje. Na askari waliomvika taji la miiba walikuwa wakifanya mzaha. Kile nacho kilikuwa kicheko. Kwa hiyo siwezi kukuambia kwamba kila kicheko kikiingia kanisani kimebatizwa. Tena Injili inatuambia Yesu alilia, haituambii popote kwamba alicheka. Nilikuwa nikilitumia sana hilo. Sasa nikisoma mahali anapomzungumzia mtu mwenye boriti jichoni anayetaka kutoa kibanzi cha mwenzake, naona kabisa watu wa Galilaya wakishika mbavu, naye akiwaangalia. Haikuandikwa. Lakini wangenyamazaje?

Basi nini tofauti ya Babu Mtani na yule mlevi? Nimeiwaza miaka mingi, na naona iko hapa: Babu Mtani alimjua babu yako mpaka kikohozi. Huwezi kuigiza kile kikohozi bila kukipenda. Na alimtazama bibi yako muda wote, hakututazama sisi. Yule mlevi alikuwa anatazama watazamaji.

Sasa nakuja kwa paroko wenu. Ulinitumia ujumbe mwingine saa tano na nusu usiku, ukaufuta. Mwanangu, nilikuwa nimeshausoma. Kwamba Jumapili iliyopita alisema juu ya mabinti waliochagua sana mpaka basi la mwisho likaondoka, sasa wanaomba lifti kwa Mtakatifu Antoni. Kwamba kanisa lilicheka, na dada wa kwaya aliyekaa karibu nawe akageuka kukuangalia. Kwamba ulibaki umekaa mpaka mwisho lakini komunyo hukwenda.

Kumbe swali lako halikuwa kama padri anaruhusiwa kuchekesha. Hilo nimekujibu kurasa tatu, na sijutii, maana lilikuwa limekaa moyoni mwangu tangu 1998. Swali lako ni la pale ulipokaa, katika benchi lile, katika nyumba ya Baba yako, ukageuzwa mgeni mbele ya watu. Hilo nalijua, maana nimewahi kulifanya kwa mtu mwingine nikiwa na nia njema kabisa.

Nilitaka kuandika hapa, hama. Nimeliandika, nikalikata. Huenda padri ni kijana, amezoea kusifiwa, hajui anachokigusa, na hakuna mtu mzima aliyewahi kumwita pembeni akamwambia. Huenda ukimweleza atalia. Huenda pia anajua na hajali, na hapo ningekuambia jambo jingine. Mimi sikuwepo, sikuuona uso wake alipokuwa anasema, sijui alikuwa anamtazama nani. Kwa hiyo sisemi uhame, wala sisemi ubaki, na Mungu anajua ulimi wangu unavyowasha. Barua ya kwake nimeshaianza mara mbili, nikaichana mara mbili. Usiponiruhusu sitaianza ya tatu.

Komunyo tu nakuomba usiiache. Hiyo haikuwa ya kwake kukunyima.

Ndizi na mafenesi nimempa dereva wa basi la Jumamosi asubuhi, yatakuwa kwenye gunia lenye uzi mwekundu, wahi kabla hayajaiva kwenye joto la huko. Fenesi ni la mti ule ule. Bibi yako anakusalimu sana, anasema ukija Pasaka ukae mbele naye kwenye Kesha, maana siku hizi litania wanaiharakisha na yeye anataka mtu wa kumpigia kiwiko ikifika kwa Paulo.

Ni mimi mama yako akupendaye.