Leseni yako ikifutwa, dai kusikilizwa kwanza

Supu ilikuwa bado jikoni walipoingia: mgambo wawili na ofisa mmoja wa halmashauri. Wateja wakaambiwa watoke, mimi nikakabidhiwa barua ya mistari miwili. Leseni yangu ya biashara imefutwa kwa "kukiuka taratibu za afya". Taratibu zipi, lini, nani kalalamika, hakuna. Kabla ya adhuhuri mlango wa mgahawa wangu ulikuwa na kufuli la watu wengine.

Siku tatu nilizipoteza kwenye korido za ofisi ile, nikilia, nikipandisha sauti, nikitafuta mtu anayemjua mtu. Siku ya tatu mzee mmoja wa masjala aliniita pembeni. "Mwanangu, haya yote unayosema hayana faili. Andika barua."

Jioni ile niliisoma Katiba ya Tanzania ya mwaka 1977, Ibara ya 13(6)(a). Nilidhani mambo ya kusikilizwa ni ya mahakamani tu. Kumbe inasema haki za mtu zinapohitaji kufanyiwa uamuzi wa mahakama "au chombo kinginecho kinachohusika", mtu huyo ana haki ya "kupewa fursa ya kusikilizwa kwa ukamilifu", na ya kukata rufani au kupata nafuu nyingine ya kisheria. Hayo maneno "chombo kinginecho" yapigie mstari. Halmashauri ni chombo.

Wakili niliyemwendea baadaye alinisimulia kesi ya Uingereza ya mwaka 1863. Bodi ya Wandsworth ilibomoa nyumba ya mjenzi mmoja, Cooper, bila kumsikiliza, na akashinda. Jaji alikumbusha kwamba hata Adamu aliulizwa kabla ya kutolewa bustanini. Mungu alijua kila kitu, lakini alimuuliza! Ofisa wa leseni hajui hata nusu, anaachaje kuuliza?

Kusikilizwa si kuitwa ofisini ukasomewa uamuzi ulioshapitishwa. Utajiwe kosa mapema, upewe muda wa kujiandaa, uone ripoti ya ukaguzi wanayoitegemea, ujibu, kisha upewe sababu za uamuzi. Palipo na hatari ya haraka, tuseme kipindupindu mtaani, wanaweza kufunga kwanza, na mimi siwapingi. Lakini kufunga kwa muda ili watu wasiugue ni jambo moja, kufuta leseni moja kwa moja ni jambo jingine.

Barua yangu kwa mkurugenzi ilikuwa ukurasa mmoja. Niliomba mambo matatu tu: sababu kwa maandishi, nakala ya ripoti, na tarehe ya kusikilizwa. Sikumtukana mtu. Nilipeleka nakala mbili, na ile yangu nikahakikisha imegongwa mhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Usiondoke masjala bila mhuri huo, hata wakikuambia mwenye mhuri katoka. Msubiri.

Waliniita baada ya wiki mbili. Nilibeba leseni, stakabadhi za gari la majitaka na picha za jiko. Ripoti ilipofunguliwa mbele yangu, shimo lililofurika lilikuwa la nyumba ya nyuma. Swali moja kabla ya kufuli lingetosha. Leseni ilirudi, nyama yote iliyokuwa kwenye friji nilikuwa nimeshaitupa.

Kama wamekunyima nafasi hiyo kabisa, nenda kwa wakili au kituo cha msaada wa kisheria mapema. Mahakama Kuu inaweza kuupitia uamuzi wa halmashauri na kuutengua, ila kibali cha kuomba mapitio hayo kinatakiwa kiombwe ndani ya miezi 6 tangu uamuzi utolewe. Nimeona watu wanaimaliza miezi hiyo wakisubiri ahadi za simu. Na kufuli usilivunje, hata kama lina dhuluma ndani yake. Ukilivunja, siku ya kusikilizwa mtazungumzia kufuli, na leseni yako itasahauliwa.