Keki imelala, ni siagi kweli?

SWALI: Habari Mhariri, mi huoka keki za oda huku Free Area, Nakuru. Juzi nilinunua pakiti imeandikwa spredi ya maziwa kwa sababu bei ilikuwa chini kuliko siagi, keki ikalala na katikati ikalowa chepechepe. Kwani hiyo si siagi? Mama Keki

JIBU: Pole sana mama, najua uchungu wa oda kuharibika. Siagi kamili lazima mafuta ya maziwa yafike asilimia 80 na maji yasizidi 16, spredi iko chini ya hapo, zingine karibu nusu ni maji tu, sasa hayo maji ndio yalibaki kwa keki yako. Majarini nayo ni mafuta ya mimea kama mawese. Bei ya siagi iko juu kwa sababu kilo 1 inakula kama lita 20 za maziwa, na kiangazi kikibana huku kwetu ng'ombe wanapunguza.

Ukitaka kujua kama ni siagi, weka kijiko kimoja kwa sufuria, moto mdogo: siagi itatoa povu jeupe alafu inukie samli, spredi itarukaruka maji. Hiyo iliyobaki paka watoto mkate.